Chungu cha Bibi Aisha

Siku tuliyopika uji wa Bibi Aisha, asubuhi ilikuwa njema kabisa. Jua lilikuwa limeiamkia Vuga mapema, nami nilikaa barazani nikimenya ndizi huku shangazi zangu wakinitania kwamba kwa uvivu huu sipati mume. Ilikuwa arobaini ya bibi, mama yake mama. Chungu chake kilikuwa kimeshatoka motoni.

Hili la chungu nilieleze, maana watu wa mjini hucheka. Kwetu mtu akifa, mfinyanzi humtengenezea chungu. Kabla hakijakauka, kila ndugu hukiinamia peke yake na kunong'ona humo jambo moja analomkumbukia marehemu. Kikichomwa, maneno yanabaki. Siku ya arobaini unapikwa uji humo, na ukiumeza tu, unakumbuka ya wenzako kana kwamba ulikuwepo. Uji wa babu ulimfanya mama akumbuke harusi iliyofanyika yeye hajazaliwa, hadi nyimbo zake.

Mfinyanzi wetu, Bibi Klara, ana sharti moja tu. Hasemwi humo mtu aliye hai. Udongo hauwezi kutofautisha, anasema. Kila anayetajwa humo unamchukua kuwa maiti.

Mimi uji huo siunywi. Chungu kipya kinanuka moshi, na tumbo langu lina maringo. Basi bakuli zilipozungushwa nikajifanya nahangaika na kuni.

Mama mdogo Salama akanifuata jikoni akijifuta mdomo. Mwanawe wa pekee, Kassimu, alikwenda machimboni na tangu hapo simu yake haikupatikana. Mama mdogo alikuwa amekonda kwa kumuwaza.

"Husna," akaninong'oneza. "Nimemtia na Kassimu."

"Umemtia wapi?"

"Kwenye chungu. Nilikuwa naanza kuisahau sauti yake. Nikasema ukoo mzima unisaidie kuikumbuka."

Nilikimbilia uani niwazuie, lakini bakuli zilikuwa tupu na watu wote walikuwa wanalia. Mjomba Hamza aliinua uso.

"Maskini Kassimu," alisema. "Alikuwa mwepesi sana tulipomteremsha kaburini."

Nilipogeuka, mama mdogo naye alikuwa analia. Hakuwa tena na wasiwasi. Alilia kilio cha mtu aliyekwisha kuzika.

Niliwaambia hajafa. Niliwaambia mpaka nikapaaza sauti. Mama akanivuta pembeni akanisihi nisiwatoneshe watu kidonda.

Matunda damu yalikuwa yameanza kuiva Kassimu aliporudi. Ilikuwa mchana, na ukungu ulikuwa umeshuka hadi kwenye paa. Nilimwona akipanda njia ya mgombani na begi lake begani, amechoka, anacheka.

"Onga mshi, dada!" alinisalimu kwa Kishambaa. Simu aliibiwa, akasema. Nilimkumbatia nikalia kwa furaha. Alikuwa wa moto. Alinuka jasho na vumbi la safari, na nilimshukuru Mungu kwa jasho lile.

Kisha akaenda mlangoni kwa mama yake.

"Shikamoo, mama."

Mama mdogo alimtazama. Hakuitikia.

"Shikamoo, mama."

Kwetu hata mlevi huitikiwa marahaba. Kassimu akanigeukia, cheko limemtoka usoni.

"Mwanangu nilimzika," mama yake akasema taratibu. "Wewe mbona umetoka?"

Niliacha kila kitu nikashuka mbio kwa Bibi Klara. Hata hakuniuliza. "Kivunjeni," alisema. "Lakini asinywe. Yeye mwenyewe akinywa, basi."

Nilipanda kile kilima nikihema. Nilifika. Nilichelewa.

Mama mdogo alikuwa ameshapika uji kwenye chungu kile. Kassimu alikaa jamvini, bakuli tupu mikononi. Alikuwa na njaa, na aliyempa ni mama yake. Nani angekataa?

Nilikipiga chungu chini kikapasuka vipande vipande. Hakuna aliyeshtuka.

"Kweli, mama," Kassimu alisema. Sauti yake ilikuwa ndogo. "Nimekumbuka."

"Kassimu, usiseme hivyo. Nitazame!"

Alinitazama kwa upole. "Na wewe ulikuwepo, dada. Kitambaa cha kunifunga kidevu hakikupatikana. Ukachana pindo la kanga yako."

"Marahaba, mwanangu," mama yake akasema.

Kassimu akainuka. Akatoka. Nilimshika mkono, ulikuwa baridi. Ukungu ukamchukua hapo hapo, hatua chache kutoka mlangoni.

Tulimtafuta mpaka jua likazama. Wenzangu hawakuwa na haraka, walikuwa wanajua pa kwenda. Pembeni ya kaburi la bibi, mgombani, palikuwa na kaburi la pili. Nami nilikuwa nimepapalilia pale wiki ileile, na hapakuwa na kaburi hilo. Nyasi zake zilikuwa zimeshaota. Viatu vya Kassimu viliwekwa vizuri upande wa miguu, na ndani yake mlikuwa na joto bado.

Sikulala. Kulipokucha nilifungua sanduku langu nikaitoa kanga ile ya zambarau, ambayo sijaivaa tangu msiba wa bibi. Niliikunjua polepole. Nilitamani nimkute Kassimu mwongo.

Pindo moja halipo. Limechanwa kwa mkono.

Na mimi sikunywa. Wallahi, sikunywa.