Vipande Viwili vya Aproni

Jua lilikuwa linazama Fundi alipoingia karakanani kuutia upepo mpira wa shule. Kesho yake mashindano yangeanza, na mwalimu alitaka ngozi halisi. Vipande thelathini na viwili, vimeshonwa kwa mkono, kwa uzi wa nta. Thelathini vilikuwa vya ngozi ya dukani. Viwili... viwili alivikata kwenye aproni ya ngozi aliyovaa kazini marehemu kaka yake.

Kaka aliusia aproni hiyo apewe binti yake, aliyekuwa ameanza ushonaji. Mjane wake alipokuja kuiulizia, Fundi alimtazama usoni akasema, "Shemeji, panya wameimaliza." Mama wa watu akaitikia, "Haya," akaenda zake. Tangu hapo Fundi akimwona njiani, huvuka upande wa pili.

Akashika pampu. Akaugusa mpira.

Ulikuwa umeshajaa.

Akaubonyeza.

Mpira ukakohoa.

Kikohozi kikavu, mara tatu, kisha pumzi ikavutwa kwa tabu... Miezi minne alikisikia kikohozi kile kitandani kwa kaka yake. Harufu ya dawa ya kuchua ikamjaa puani. Chini ya vidole vyake, ngozi ikapanda. Ikashuka. Ikapanda.

"Kaka?" akanong'ona.

"Hodi humu."

Alikuwa shemeji yake, amekuja kuazima sindano. Fundi akauficha mpira mgongoni kama mwizi.

Mpira ukakohoa tena.

Yule mama akasimama kama aliyepigwa. "Nani anakohoa humu, shemeji?"

Fundi akautoa, macho chini. Mama akapapasa vile vipande viwili.

"Doa hili la gundi nalijua."

"Ngozi iliniishia," Fundi akasema. "Nikakudanganya."

Hakumtukana. Afadhali angemtukana. Alichukua kisu mezani, akakata mshono. Mpira ukashusha pumzi moja ndefu, ukanywea. Wakachungulia. Kibofu cha ndani kilikuwa kimelala bapa, bado kina unga wa kiwandani. Upepo ulikuwa haujawahi kukiingia.

Hakuna aliyeuliza upepo ule ulikuwa wa nani.

Mama akavichomoa vipande viwili, akavifunga kwenye mtandio. Mlangoni akageuka.

"Ungeniomba, shemeji, ningekukatia mwenyewe."

Akaondoka. Giza likaingia, Fundi hakuthubutu kuwasha taa. Karibu na bega lake palikuwa na mtu, ametulia, anasubiri kuombwa radhi.

Naye kila alipofungua kinywa, maneno yalimkwama.