Waya Uliobaki

Karatasi ilikutwa chooni Alhamisi, saa kumi na moja na dakika arobaini jioni, nusu saa baada ya mtihani kwisha. Msafishaji aliichomoa nyuma ya tangi la maji ikiwa imekunjwa mara nne, akaikunjua akidhani ni noti. Hakuwa na bahati hiyo. Ilikuwa na mistari arobaini, kila mmoja namba na jibu, kwa herufi kubwa za mtu anayeficha mwandiko wake. Yalikuwa majibu ya mtihani wa kusikiliza, yote, kwa mpangilio. Akaipeleka kwa walinzi.

Mtihani wenyewe haukuwa wa mchezo. Ulikuwa wa kuchagua wapokeaji wa simu za dharura, watu wa kukaa na hedifoni masikioni, kumsikia mtu anayelia na kuhema na kuchanganya maneno, kisha kutoka na anwani sahihi ya kupeleka gari la wagonjwa. Watahiniwa walikuwa ishirini na wanne, kompyuta ishirini na nne, nafasi mbili.

Saa nne asubuhi ya Ijumaa, Mkaguzi kutoka makao makuu alikuwa ameshafika. Wenzake walimwita Bi Sindano, na jina hilo halikumkera hata kidogo. Kilichomkera ni kungojeshwa, na Mkuu wa kituo alimngojesha dakika ishirini na tano, bila shaka ili ajue amekuja kwa nani.

Mkuu alikuwa mtu wa aina ile anayekohoa kabla ya kuingia ili watu wanyamaze. Aliketi kwenye kiti chenye mgongo mrefu kuliko wake, akaunganisha vidole.

“Bi Mkaguzi, umejisumbua bure. Mwizi ninaye. Polisi nimewaambia waje saa nane, wamchukue.”

“Nani?”

“Fundi wetu wa kompyuta. Ndiye aliyepakia zile sauti kwenye mashine Jumatano. Kazisikiliza, kaandika majibu, kauza. Jambo liko wazi.”

“Kamuuzia nani?”

“Hilo atalisema akishafika kituoni kwao.”

“Na msafishaji? Yeye ndiye aliyekuwa na karatasi mkononi.”

Mkuu alifikiri kidogo, akaonekana kupendezwa. “Hata huyo si wa kumwamini. Wanaweza kuwa lao moja.”

Bi Sindano alimtazama. Mtu aliyekuwa tayari kufunga watu wawili kabla ya chakula cha mchana, na hakuwa ameuliza swali hata moja.

Alimwendea msafishaji kwanza, mzee aliyekuwa akipiga deki ukumbi wa mapokezi.

“Mzee wangu, nani aliingia choo kile jana baada ya mtihani?”

“Bora uniulize nani hakuingia, mwanangu. Walitoka wote mbio. Na maji yalikuwa yamekatika tangu saa saba, kwa hiyo unaweza kukisia hali.”

“Maji yalikuwa yamekatika?”

“Tone halikuwepo. Ndiyo maana karatasi ikafichwa. Maji yangekuwepo, mwenye nayo angeyavuta ikaenda zake.”

Mzee kama huyo akitaka kuuza majibu, haendi kuyakabidhi mwenyewe kwa walinzi. Bi Sindano alimshukuru, akamfuta katika orodha yake.

Fundi alikuwa amewekwa kwenye stoo ya vifaa, mlinzi mlangoni. Mwanamke wa makamo, mikono imetulia juu ya magoti, macho mekundu.

“Kaa tu, Mama. Sikuja kukukaripia. Ulipakia sauti lini?”

“Jumatano, saa tatu hadi saa saba. Nikavaa hedifoni kila mashine, moja moja, nikasikiliza sekunde chache kuona kama inatoa sauti. Zote zilitoa.”

“Zote ishirini na nne?”

“Zote. Ila jana asubuhi Mkuu alibadilisha kasha la mashine namba moja, ile ya mbele. La zamani lilikuwa na mikwaruzo na mpiga picha alikuwa anakuja. Nikamwambia niachie mimi. Akaniambia niende nikatengeneze feni.” Akafuta macho kwa kiganja. “Dada, nina watoto watatu nyumbani na mama yangu hawezi kutembea. Nikilala ndani siku moja tu, sijui nani atawapikia. Sijaiba kitu mimi.”

Bi Sindano hakuahidi lolote, kwa sababu hakuwa na desturi ya kuahidi asichokishika. Lakini aliangalia saa yake. Ilikuwa saa tano kasoro dakika kumi.

Mkuu mwenyewe ndiye aliyemtembeza katika ukumbi wa mtihani, akiwa na ufunguo mfukoni. Mlango ulikuwa na lakiri ya jana jioni, haijaguswa. Meza zilikuwa safu nne, migongo ya kompyuta imezibwa kwa mbao zilizopigwa skrubu ili mtahiniwa asifikishe mkono huko. Kila hedifoni ilichomekwa mbele ya kasha, kwenye tundu dogo chini ya swichi.

Namba moja ilikuwa safu ya mbele, katikati. Kasha jeusi linalong'aa, lenye taa za buluu zinazozunguka bila sababu yoyote.

“Hili nimelifunga kwa mikono yangu,” Mkuu alisema, akilipapasa. “Dakika ishirini. Mafundi wanataka tuamini ni uchawi. Mazabodi, ule ubao mkubwa wa ndani, unaihamisha, unachomeka nyaya, basi. Ulibaki waya mmoja tu, na hizo viwandani huweka za ziada.”

“Hongera,” Bi Sindano alisema. Aliomba aachwe peke yake na karatasi za watahiniwa.

Aliketi kwenye meza ya msimamizi, akavunja lakiri ya bahasha ya makao makuu iliyokuwa na karatasi ya majibu sahihi. Nakala zilikuwa mbili tu: hii yake, na ya Mkuu, ambayo ndiyo aliyosahihishia jana usiku. Mtahiniwa wa mashine namba moja alikuwa amepata arobaini kwa arobaini. Aliyemfuata, thelathini na saba. Bi Sindano aliwachukia watu wanaopata alama zote. Maishani mwake alikuwa hajakutana na mmoja aliyezipata kihalali.

Akaanza kulinganisha, swali kwa swali, penseli mkononi. Swali la ishirini na saba lilimsimamisha. Jibu sahihi, kwa mujibu wa bahasha, lilikuwa nyumba namba kumi na sita. Watahiniwa ishirini na mmoja walikuwa wameandika kumi na saba, wakakoseshwa. Wawili waliacha wazi. Mmoja tu, yule wa namba moja, aliandika kumi na sita. Karatasi ya chooni nayo ilisema kumi na sita.

Watu ishirini na mmoja hawawezi kukosea kosa lile lile bila kuambiana. Alitaka kusikia mwenyewe. Alienda kwenye mashine iliyokuwa karibu zaidi, ile ya taa za buluu, akavaa hedifoni, akabofya swali.

Kimya.

Akapandisha sauti hadi mwisho. Kimya kile kile. Akahamia namba mbili, akabofya, na hapo sauti ikaja: mtoto wa kike, mdogo sana, ana kwikwi kwa kulia. “Mama kaanguka... haamki... nyumba namba kumi na saba, yenye geti jekundu...” Bi Sindano alijua ni mwigizaji studioni, lakini nywele za mikono zilimsimama. Alilisikiliza mara tatu. Kumi na saba, bila shaka yoyote. Mchapaji wa makao makuu alikuwa amekosea kuchapa jibu.

Akamwagiza mlinzi amlete Fundi.

“Fungua namba moja, Mama. Usiguse kitu ndani kabla hujanionyesha.”

Fundi alizungusha bisibisi, akautoa ubavu wa kasha. Hakuhitaji hata dakika. Waya mweusi mwembamba ulikuwa umening'inia kutoka upande wa mbele wa kasha, umekunjwa, umefungwa kwa mpira wa kufungia noti. Mwisho wake kulikuwa na plagi ndogo isiyochomekwa popote.

“Maskini,” Fundi alisema, kama anayeona jeraha. “Huu ndio wa sauti ya mbele. Plagi ina matundu tisa, la kumi limezibwa ili isiingie pasipo pake. Inakaa hapa, pembeni, chini kwenye mazabodi. Tena imeandikwa. Ila mpaka uiname na uvae miwani.”

“Na hapa pembeni?”

“Hapo ni pa flashi. Pini ni tisa vilevile, ila pengo liko kwingine.” Alimulika kwa simu ya Bi Sindano. “Ona, pini moja imepinda. Mtu alilazimisha ya sauti iingie hapa, ikamgomea, akaifunga na mpira akaondoka.”

“Sauti haiwezi kutoka kabisa?”

“Kwa nyuma ingetoka. Kwa mbele, hata kikohozi husikii.”

“Na kama mtu angesema waya ulichomoka wenyewe jana jioni?”

“Dada, umefungwa na mpira, tena raundi tatu. Waya haujifungi.”

Bi Sindano alicheka, kwa mara ya kwanza siku hiyo. Ilikuwa saa saba na dakika kumi.

Saa saba na nusu, watu watano walikuwa ukumbini: yeye, Mkuu, Fundi, mlinzi, na mtahiniwa wa namba moja, kijana wa miaka ishirini na sita, shati limenyooshwa hadi linakata. Mkuu alimwangalia kama mtu asiyewahi kumwona.

“Wewe kijana, jibu maswali ya Bi Mkaguzi upesi. Tuna kazi.”

“Hongera kwa arobaini zako,” Bi Sindano alisema. “Sauti ilikuwa inasikika vizuri?”

“Vizuri sana, mama. Safi kabisa.”

“Hedifoni ulichomeka wapi?”

“Hapo mbele, kama wenzangu.”

“Haikukatika hata mara moja? Hukumwita msimamizi?”

“Hapana. Mimi nina masikio mazuri tangu utoto.”

“Naona. Swali la ishirini na saba, nani alikuwa anapiga simu?”

Kijana alitazama dari. “Ni... mzee mmoja. Sauti nzito. Alikuwa anakohoa.”

Fundi aliziba mdomo kwa kiganja. Bi Sindano alimvalisha Mkuu hedifoni ya namba mbili, akabofya, akamwacha asikie mtoto akimlilia mama yake. Kisha akamhamishia namba moja, akabofya tena. Mkuu alikaa na kimya kile masikioni, uso ukibadilika rangi taratibu.

“Hii imeharibika baadaye,” alisema. “Huyu Fundi kaiharibu sasa hivi.”

“Niliikuta bubu kabla Fundi hajaletwa. Ukumbi ulikuwa na lakiri na ufunguo uko mfukoni mwako. Waya umefungwa na mpira wa noti. Umeniambia mwenyewe ulibaki waya mmoja. Ndio huo. Ulimtengenezea mtu wako mashine bubu, ukamkalisha mbele apendeze kwenye picha, na yeye hakulalamika kwa sababu hakuwa na haja ya kusikia.”

“Basi kanunua kwa Fundi! Si nilisema?”

“Fundi alikuwa na sauti. Angeziuza, angeuza kumi na saba, kama walivyosikia wote wenye masikio. Kumi na sita iko mahali pamoja tu, kwenye karatasi ya majibu, kwa kosa la mchapaji wetu. Nakala yangu nimeifungua leo. Ya pili ilikuwa kwenye droo yako.”

Mkuu alikohoa kile kikohozi chake, lakini safari hii hakuna aliyenyamaza, kwa sababu kijana alikuwa ameshaanza kusema.

“Mjomba, si uliniambia karatasi ile haina kosa? Uliniambia niandike tu!”

“Nyamaza!”

“Uliniambia niitupe chooni! Maji hayakuwepo, Mjomba, ningefanyaje?”

Bi Sindano aliwaacha wamalize. Alikuwa ameona wezi wengi, wengine wajanja wa kutosha kuheshimiwa kidogo. Hawa wawili hata dharau walikuwa wanaistahili kwa shida.

“Ni mtoto wa dada yangu,” Mkuu alisema hatimaye, sauti imeshuka. “Dada ndiye aliyenisomesha. Amekaa na huyu nyumbani miaka minne, hana kazi. Ningemwambia nini?”

“Ungemwambia kazi hii ni ya kusikiliza. Mtu akipiga simu mkewe anavuja damu, huyu angepeleka gari nyumba ya jirani. Na ili afike hapo ulikuwa tayari mama wa watoto watatu alale ndani.”

Polisi waliingia saa nane kamili, kama walivyoagizwa na Mkuu mwenyewe. Mkubwa wao aliuliza mtuhumiwa ni nani. Fundi alisimama, kwa woga wa siku nzima, na Bi Sindano akamshika bega akamkalisha, akawaonyesha Mkuu na mpwa wake.

Walipokuwa wanamwongoza mlangoni, Mkuu alimgeukia Fundi. “Mama, tumefanya kazi pamoja miaka tisa. Nisemee neno.”

Fundi alimtazama, na macho yake hayakuwa na machozi tena.

“Jana jioni uliniita mwizi, na usiku nilikusemea nyumbani, Mkuu. Wanangu walitaka kukutukana, nikawaambia umekosea tu, wewe si mtu mbaya. Niliwadanganya wanangu kwa ajili yako.”

Akamgeuzia mgongo, akaomba simu ya Bi Sindano, akapiga nyumbani.