Ndege Iliyokataliwa na Jeshi

Haya yalimkuta rafiki yetu Tansley, fundi wa kiwanda cha ndege kule Uingereza, vita vikiwa vimepamba moto. Jeshi lilikuwa limeikataa ndege yao ya majaribio, yenye bawa juu ya bawa, baada ya ndege hiyo kumuua rubani wake. Ikabaki peke yake bandani.

"Nenda ukazungushe rafadha yake, mafuta yasigande," msimamizi alimwamuru. "Au unaliogopa gogo lile?"

"Naliogopa, bosi. Lilishamla mtu."

"Likikula na wewe, tutapumzika na kelele zako."

Bandani mlikuwa na giza, na upepo ulipiga mluzi katika nyaya za mabawa. Tansley akaishika rafadha, lile pangaboi la puani mwa ndege, kwa mikono miwili. Fundi asiyemuuliza rubani kwanza kama swichi ya injini imezimwa huweza kukatwa kichwa injini ikiwaka ghafla. Basi kwa mazoea akauliza, ingawa kiti cha rubani kilikuwa kitupu:

"Swichi imezimwa?"

"Imezimwa," sauti ikajibu kutoka kitini, taratibu. "Zungusha, Tansley."

Akaiachia rafadha, akalizunguka bawa, akachungulia. Kitini hapakuwa na mtu, na swichi ilikuwa imewashwa.