Paa la Yudith

Kila asubuhi ilikuwa hivyo hivyo. Yudith anafagia uwanja wa shangazi Rosemary, anakunywa uji, halafu anaenda shule peke yake huku malori ya barabara kuu yakimpita. Tangu ashuke mjini Same kutoka kwao milimani, hakuna mwanafunzi aliyewahi kumwita kwa jina. Wakati wa mapumziko alikaa kwenye ngazi ya stoo, basi.

Mwalimu Asheri alipogawa kazi ya wajenzi maarufu, kila mtu alipata mwenzake. Yudith akabaki yeye na Henri Labrouste, Mfaransa wa karne ya kumi na tisa. Akampenda hapo hapo. Kumbe bwana huyu alikaa miaka mingi bila kupewa jengo kubwa la kujenga, ndipo akajenga maktaba Paris: nguzo nyembamba za chuma, ukumbi mpana, watu wanasoma pamoja.

Yudith akajenga mfano wa maktaba hiyo kwa vijiti vya mkonge. Ila paa akalikandika kwa udongo mbichi, mnene, kama kwao wanavyokandika kingo za ndiva, bwawa la kumwagilia mashamba.

Siku ya maonyesho, Swalehe wa darasa lao akapita karibu na meza yake. Paa likaanguka puu.

"Swalehe kavunja," Eva, mwanafunzi mwenzao, akasema, akamgeukia. "Na miguu yako ya ngamia."

"Hata meza sijagusa."

"Mwongo huyo. Pole, Yudith. Njoo ukae na sisi."

Yudith alijua. Tangu asubuhi aliziona nguzo zikipinda. Lakini ameitwa kwa jina. Akaenda, akakaa, akala karanga zao.

Alipogeuka, akamwona Swalehe kwenye ngazi ya stoo, pale pale pa Yudith, akichora chini kwa kijiti. Akaziacha karanga. Akainuka, akamwendea Mwalimu Asheri.

"Mwalimu, Swalehe hajavunja. Paa lilikuwa zito. Nilijua, nikanyamaza."

"Kwa nini?"

"Walikuwa wananiongelesha."

Darasa zima likasikia. Eva akabeba karanga zake, wenzake wakamfuata. Yudith akabaki anaokota udongo peke yake, mpaka kipande cha boksi kikatua mezani.

"We wa milimani," Swalehe akasema, "ulitaka kumwagilia vitabu? Paa jepesi, bwana. Shika huku."

Mwalimu Asheri akawasogelea. "Umeona, Yudith? Ukinyamazia uongo ili upate wenzako, unamtwika mtu mwingine upweke wako. Sema kweli, hata kama utabaki peke yako kidogo." Akainama. "Haya, shikeni vizuri. Gundi haijakauka."