Sauti ya Paskalia

Mtoto wa Zuleha ndiye aliyegundua kwanza. Kila mama yake alipomwambia, "Nyamaza, baba," alimkazia macho, kisha akapiga kelele kama aliyebebwa na mgeni.

Wiki iliyopita walimzika Paskalia, mwimbaji wa kwaya ya misheni, ambaye akipandisha sauti hata wauza nyanya barabarani walitua matenga wakasikiliza. Zuleha ni mtani wa ukoo ule, na mtani msibani ana kazi yake. Akajifunga kanga ya marehemu, akatembea kwa maringo yake, akafungua kinywa amwige ili wafiwa wacheke. Zuleha, ambaye hata kumwimbia mtoto kulimshinda! Ikatoka sauti ya Paskalia yenyewe, na tangu hapo ikagoma kumwachia koo. Hakuna aliyecheka. Mzaha mzaha, hutumbuka usaha.

Akisalimia, Paskalia. Akikohoa, Paskalia. Nyumba ikanuka mishumaa iliyozimwa, na jioni, hata akiuma midomo, wimbo ulipanda wenyewe kutoka kifuani, mwembamba, mtamu, wa kuumiza, ukapita migombani hadi kwa Mama Regina, mzazi wa marehemu, naye akaja mbio bila viatu, akaketi kizingitini akilia na kuomba, "Kidogo tu, mwanangu. Niimbie kidogo."

Zuleha alimhurumia. Lakini mtoto wake alikuwa ameacha kunyonya.

Mumewe, Halidi, akamleta Mzee Dadi, mganga wa Mkuyuni. Mzee akafukiza ubani, akamgeukia Mama Regina pale kizingitini, akanong'ona:

"Huyu si Paskalia. Ni jini la mlimani, limeokota sauti isiyo na mwenyewe. Mama Regina, likikuita, sema hulijui, litakwenda zake. Ukiliitikia, litakuhamia wewe."

"Nimeelewa, mzee."

"Mama, nakuomba, mwanangu hanyonyi," Zuleha alisema kwa sauti ile ya kuazima.

Moshi ukatanda. Koo la Zuleha likajaa.

"Mama," ikaita. "Mama, huku kuna baridi."

Mama Regina akafumba macho. "Sikuju..." akaanza, neno likamshinda. Mzazi gani angeliweza?

"Nipo, mwanangu. Njoo."

Zuleha akakohoa, akasikia kikohozi chake mwenyewe, kibaya, cha kukwaruza. Mtoto akageuka, akalitafuta titi. Zuleha alilia kwa furaha, na furaha hiyo ikamtia aibu.

Kesho yake alimkuta Mama Regina shambani akipalilia kabichi, mgongo umepinda, uso umenywea. Palinuka mishumaa.

"Shikamoo, mama."

Bibi yule akainua uso, akatabasamu.

"Marahaba," akaitikia Paskalia.