Draiva ya Kubahatisha

Shamimu hakwenda Tandika kutafuta mchumba, alikwenda kugomba. Kidude cha waifai alichokinunua juzi, kidogo kama ukucha, alikichomeka kwenye kompyuta yake nyumbani Mtoni na kompyuta ikakaa kimya. Sasa alisimama mbele ya meza ya muuzaji, baibui limeloa jasho mgongoni, mtandio wa zambarau umemtelezea shingoni, sauti imepanda juu ya spika za wauza mitumba.

"Kimekufa hiki. Nipe kingine."

"Sista, hakijafa," alisema mtu wa meza ya jirani. "Hakijajulishwa tu."

Aligeuka. Alikuwa kijana mrefu, shati la kitenge limenyooshwa vizuri, bisibisi imepachikwa sikioni. Huyo ni Lusungu, fundi wa kompyuta, mtu wa Tukuyu mwenye maneno matamu kuliko mshahara wake.

"Kijulishwe na nani?"

"Na draiva, programu yake. Mgeni akibisha hodi kwenu anataka kuposa, hana mshenga wala barua, baba yako atamfanyaje?"

"Atamtoa na bakora."

"Basi draiva ndiyo mshenga. Bila yeye, kompyuta haimjui huyu mgeni."

"Si niipakue mtandaoni?"

"Mtandao utaupata wapi, na mwenye kuuleta bado yuko mlangoni?"

Shamimu akacheka, akaitoa kompyuta mkobani na kuiweka mezani kwake.

Hapo ndipo Lusungu alipofanya ujinga wake. Flashi yake ilikuwa na draiva mbili. Moja ilikuwa ya kidude kile hasa. Nyingine ilikuwa ya kubahatisha: inakubali siku kadhaa, kisha kompyuta ikijisasisha inaikataa. Mafundi wa mjini wanaijua mbinu hiyo, maana mteja ukimponya kabisa humwoni tena. Lusungu hakuwa mwizi, nisimsingizie. Aliitazama mikono yenye hina iliyotulia juu ya meza yake, akaweka ya kubahatisha.

Siku ya nne Shamimu alirudi na mfuko wa machungwa.

"Kimekufa tena."

Lusungu alikichomeka. Kikakamata mtandao papo hapo.

"Mbona kinakamata?"

"Labda kimekuogopa," alisema Shamimu, macho kwenye machungwa.

Waliyala yote mpaka ikaadhiniwa alasiri. Tangu hapo simu hazikukauka.

"Umekula, mwalimu wangu?" Lusungu alimwuliza.

"Nimekula. Mie na kidude chako tunatazamana tu hapa."

"Si chako hicho?"

"Chako, maana ndicho kinanileta kwako."

Miezi miwili ikapita hivyo. Mara mbili kidude kilikufa kwelikweli, na mara mbili Lusungu alikifufua kwa draiva ileile. Mara ya kwanza kwa kumtamani, ya pili kwa woga, kwa sababu kuweka ya kweli kungemlazimu aeleze ile nyingine ilikuwa ya nini.

Shamimu naye alikuwa na jambo lake. Kwa miaka minne alikuwa mwalimu wa kujitolea katika shule moja ya Temeke, akingoja ajira isiyofika. Sasa shule ya lugha huko Muscat ilikubali kumsaili kupitia kompyuta. Angefundisha somo la mfano kwa picha alizozichora mwenyewe usiku na mchana. Akifaulu, ana mkataba wa miaka miwili.

"Ukienda utanisahau," Lusungu alimwambia kwenye simu.

"Nikirudi unipose. Tafuta mshenga mapema."

"Usaili wenyewe lini?"

"Mwezi huu huu."

Hakutaja siku. Mama yake alimlea akijua kwamba jambo la heri halitangazwi kabla halijatimia, macho ya watu ni mengi. Lusungu akajiapiza kuweka draiva ya kweli siku hiyo ikikaribia. Alidhani ataambiwa.

Muscat Jumapili ni siku ya kazi. Jumapili hiyo, saa tatu na nusu asubuhi, Shamimu alikuwa ameketi, amevaa gauni la maua na mtandio mpya, khanga safi imetundikwa ukutani nyuma yake. Kompyuta ikajisasisha, ikazima, ikawaka. Alama ya waifai haikuwepo.

Alimpigia Lusungu mara sita. Lusungu alikuwa kanisani, anaimba sauti ya tatu, simu imezimwa ndani ya koti.

Saa nne Shamimu aliingia kwenye usaili kwa simu ya mkononi. Picha zake zote zilibaki kwenye kompyuta. Wasaili walingoja kwa adabu, wakasema watamwandikia, na jioni wakaandika. Nafasi amepewa mwingine. Alilia mpaka macho yakavimba, kisha akakasirika.

Jumatatu hakwenda Tandika. Alivuka mji hadi Kinondoni kwa mzee Mwinshehe, fundi aliyeaminiwa na walimu wenzake.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Nani alikuwekea draiva hii?"

"Fundi wangu."

"Mwanangu, hii si ya kidude hiki. Hii huwekwa ili mteja arudi."

Jumatano, baada ya Shamimu kumwita kwa simu, Lusungu alifika Mtoni kwa miguu yake, shati jeupe, flashi mkononi. Shamimu alimpokea barazani, hakumkaribisha ndani. Kompyuta ilikuwa juu ya mkeka.

"Weka," alimwambia.

Lusungu aliweka. Dakika tatu tu, waifai ikakamata.

"Hii ulikuwa nayo tangu lini?"

"Tangu siku ya kwanza."

"Ulitaka nisiende Muscat."

"Haki ya Mungu, hapana. Siku ile ya kwanza Muscat nilikuwa siijui hata. Nilitaka urudi mezani kwangu, basi. Shamimu, nimeshaongea na mjomba, yuko tayari kuja kwenu. Nitabadilisha chochote mnachotaka, hata dini."

"Unakumbuka siku ya machungwa?"

"Nakumbuka."

"Ulishangaa mbona kinakamata."

"Ndiyo."

"Kilikuwa kizima, Lusungu. Mie nilidanganya. Nilitafuta sababu ya kuja kukuona."

Machozi yalimlengalenga Lusungu, na Shamimu aliyaona, na yalimuuma, kwa sababu alikuwa bado anampenda.

"Ningekuja hata bila kidude," alisema taratibu. "Wewe ukanivunja mguu ili nikuegemee. Ukinioa, utanivunja nini kingine nisiondoke?"

"Nisamehe."

"Nimeshakusamehe. Lakini kukuamini siwezi."

Alichomoa flashi, akaifuta vumbi kwa ncha ya mtandio, akamwekea kiganjani na kukifunga kiganja chake kwa mikono yote miwili. Hina ilikuwa imefifia, imebaki kwenye kucha tu.

"Shami," mama yake aliita kutoka uani, "nani huyo hapo barazani?"

Shamimu aliachia ule mkono.

"Fundi, mama. Ameshamaliza."