Mtori Nilioumwaga Migombani

Nina miaka thelathini na minne, mama wa watoto watatu, naishi Old Moshi. Haya yalinipata kwa mtoto wangu wa kwanza, na mpaka leo nikiona mtoto amelala kimya mno, moyo hunienda mbio!

Kwetu mzazi akijifungua hulishwa. Miezi mitatu nilikaa ndani, hata kuni sikushika. Mama mkwe alinipikia mtori, ule mchuzi mzito wa ndizi na nyama, akaniletea maziwa na siagi. Mzazi akitoka amekonda, anayechekwa ni mama mkwe. Mimi nikanenepa... mashavu, mikono, tumbo!

Rafiki yangu Anjela, muuza mitumba wa Pasua, alipokuja kumwona mtoto alicheka, akasema mume wangu aliyekuwa akifanya kazi mjini atanikimbia. Maneno yale yaliniingia! Anjela aliporudi mara ya pili akaniletea majani ya kupunguza mwili, maana siku hizo dawa za nje zilishajaa madukani. Nikawa nayanywa kwa siri. Na mtori? Mama mkwe akigeuka tu, naumwaga migombani nyuma ya nyumba.

Nilipungua kweli. Niliharisha, nikaishiwa nguvu, na bado nikafurahi sketi kunilegea. Wakati huo maziwa yalikuwa yakikauka... Prosper wangu alinyonya akilia. Kisha akaacha kulia. Nilimtikisa mguu, akafumbua macho, akayafumba tena. Yesu na Maria, niliogopa!

Mama mkwe alimbeba, tukashuka mbio kwenda zahanati. Njia nzima alijilaumu kwamba mtori wake ulikuwa mwepesi. Jamani! Nilipiga magoti palepale njiani, nikamwambia yote.

Alinitazama. "Inuka, mwanangu. Utalia tukifika."

Mtoto alipona, baada ya siku nyingi za hofu. Mama mkwe hakumwambia mume wangu, wala hakunisema. Ila uzazi wa pili na wa tatu, alikaa mbele yangu mpaka nimalize bakuli.

Mimi bado mnene. Napanda shambani kwa miguu kila siku, mboga nakula kwa wingi, siagi kidogo, na presha napima. Mwili huu nimeacha kuuonea aibu.

Dada zangu, nawasihi, msinywe dawa ya kificho kwa sababu ya kicheko cha mtu! Mimi nilikaribia kumzika mwanangu, kisa sketi.